Padre Katika Baraza la Serikali

(Habari iliyosomwa mbele ya wanachama katika mkutano wa mwezi. Yachapishwa hapa kwa ajili ya wenzetu walio katika vituo vya mbali, wasioweza kuhudhuria.)



Katika mkutano uliopita lilitolewa shauri kwamba chama chetu kimwombe padre mmoja, mtu mwema anayeheshimiwa na wakubwa wa idara, awe msemaji wetu katika mambo ya mishahara na nyumba. Wako waliolikubali shauri hilo mara moja, wakasema kwamba padre hukaribishwa kiti pale ambapo karani huambiwa angoje nje. Wako waliolikataa kwa ukali, wakasema kwamba mahali pa padre ni madhabahuni. Hatukupatana. Ndipo Bwana Rais akaniagiza nitafute habari za mtu aliyepata kuifanya kazi ya namna hiyo, nije nizisome mbele yenu, ili tuamue kwa kujua wala si kwa kukisia.

Nimemchagua Leonard James Beecher wa Kenya. Nimemchagua yeye kwa sababu alizifanya kazi mbili, ya Kanisa na ya Serikali, kwa muda mrefu na katika vyeo vya juu. Tena kwa sababu katika maisha yake mna mambo ya kusifiwa na mambo ya kulaumiwa, na mtu wa namna hiyo hutufundisha zaidi kuliko yule anayesifiwa tu.

Beecher alizaliwa Uingereza mwaka 1906, akasoma London katika Imperial College. Mwaka 1927, akiwa kijana wa miaka 21, alifika Kenya kufundisha katika shule ya Alliance, Kikuyu. Shule hiyo ilikuwa imefunguliwa mwaka uliotangulia na makanisa ya Kiprotestanti kwa umoja wao. Mwaka 1930 aliingia katika kazi ya misheni ya C.M.S., na mwaka huo huo akamwoa Gladys Leakey, binti wa Kanoni Harry Leakey wa Kabete. Bibi huyo alikulia Kabete kati ya Wakikuyu, na lugha yao aliijua tangu utoto. Baba yake ndiye aliyeongoza kazi ya kufasiri Agano Jipya katika Kikikuyu. Basi Beecher hakuingia katika nyumba ya wageni wa nchi, bali katika nyumba ambayo ndani yake mambo ya watu yalisemwa kwa lugha ya watu wenyewe. Yeye na mkewe wakatunga pamoja kamusi ya Kikikuyu na Kiingereza. Nalitaja jambo hili mapema kwa kuwa lina uzito: atakaye kumsemea mtu, na ajifunze kwanza kumsikia.

Sasa yatupasa kutazama Baraza la Kutunga Sheria la Kenya lilivyokuwa siku zile. Tangu mwaka 1927 Wazungu walichagua wajumbe 11, Wahindi 5, na Waarabu 1. Waafrika hawakuchagua hata mmoja. Hesabu ya watu ya mwaka 1948 ilionyesha kwamba Waafrika walikuwa zaidi ya milioni 5, na Wazungu karibu 30,000. Sisi tuliozoea kujumlisha safu za tarakimu twaweza kuona wenyewe kosa lililo katika hesabu hiyo.

Serikali nayo ililiona, lakini dawa yake ilikuwa ni kumteua mtu wa kuwasemea Waafrika, na mtu huyo awe Mzungu. Mwaka 1924 aliteuliwa Dakta John Arthur wa misheni ya Kiskoti, na baada yake wakafuata wengine, wamisionari wengi miongoni mwao. Hoja ya Serikali ilikuwa hii: mmisionari anaijua lugha, anaishi karibu na watu, wala hana shamba kubwa la kulinda. Hoja hiyo haikuwa ya uwongo, ila ilikuwa nusu ya kweli. Wazee wetu walisema, kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Mmisionari aliishi karibu na kitanda, alikiona kila siku, hata pengine alisaidia kukifunga kamba, lakini hakukilalia.

Mwaka 1943 kiti hicho kilimwangukia Beecher, akakikalia mpaka mwaka 1947. Katikati ya miaka hiyo, mnamo Oktoba 1944, lilitokea jambo ambalo halijapata kuwako Kenya: Eliud Mathu, mwalimu, aliteuliwa kuwa mjumbe wa Baraza, Mwafrika wa kwanza kuingia humo. Mathu alikuwa miongoni mwa wanafunzi wa kwanza wa Alliance, shule ile ile aliyofundisha Beecher, kisha akaenda kusoma Afrika ya Kusini na Uingereza. Mwezi huo huo Waafrika wa Kenya waliunda chama ili kumpa Mathu mashauri na nguvu, nacho ndicho kilichokuja kujulikana kwa jina la Kenya African Union.

Wenzangu, naomba tusipite hapa kwa haraka. Kwa muda wa miaka kama 3 walikaa katika Baraza moja wasemaji wawili wa watu wale wale. Mmoja alikuwa padre wa Kizungu, mwenye kujua taratibu za Baraza na mwenye kuaminiwa na wakubwa. Mwingine alikuwa mtoto wa nchi, mwenye chama nyuma yake. Yule wa kwanza aliweza kusema, “Naamini Waafrika wanataka hivi.” Yule wa pili aliweza kusema, “Twataka hivi.” Tofauti ya maneno hayo ni ndogo katika karatasi, lakini katika mambo ya watu ni kubwa mno. Nasi makarani twaifahamu vyema. Karani hutia sahihi barua kwa niaba ya mkuu wake, na wala hajivuni kwa hiyo, maana anajua kwamba kesho mkuu aweza kumwita na kumwuliza, “Kwa nini umeandika hivi?” Beecher alisema kwa niaba ya mamilioni ambao hawakumtuma, wala hawakuwa na njia ya kumwita kesho yake wamwulize. Hilo halikuwa kosa la moyo wake. Lilikuwa kosa la kiti chenyewe.

Mwaka 1947 Beecher alitoka katika Baraza la Kutunga Sheria, na mwaka huo B. A. Ohanga akateuliwa, Waafrika wakawa wawili. Mwaka 1948 wakawa wanne. Beecher mwenyewe aliingia katika Baraza la Utendaji, yaani lile dogo lililokaa na Gavana kumshauri, akadumu humo mpaka mwaka 1952. Mwaka huo Mathu akawa Mwafrika wa kwanza kuingia katika baraza hilo nalo. Wakati huo wote Beecher hakuacha kazi ya Kanisa. Tangu mwaka 1945 alikuwa Arkidikoni, yaani msaidizi wa Askofu katika kuwasimamia mapadre na makanisa, na mwaka 1950 akawekwa kuwa Askofu Msaidizi wa Mombasa.

Hapa yafaa tujibu neno la wale waliosema mahali pa padre ni madhabahuni. Wao hushika methali kwamba mpanda farasi wawili hupasuka msamba. Methali ni ya kweli, lakini yatupasa kuuliza kama farasi hawa wawili walikuwa wakienda njia mbili. Shule nyingi za Waafrika zilikuwa mikononi mwa misheni, na kila mwaka misheni zilihitaji fedha za Serikali. Padre aliyesimamia shule hakuweza kujitenga na mambo ya Serikali hata kama angetaka. Wanafunzi na walimu wake walikuwa humo. Hivyo farasi wawili walikwenda njia moja, na mpandaji hakupasuka. Hatari iliyokuwapo ilikuwa nyingine, nayo ni kwamba akiwa juu yao asiwaone waendao kwa miguu. Jambo hilo lilidhihirika mwaka 1949.

Serikali ya Kenya ilikuwa imeunda kamati ya kuchunguza elimu ya Waafrika, nayo ikamfanya Beecher mwenyekiti wake. Taarifa ya kamati ilitolewa mwaka 1949, na mpaka leo hujulikana kwa jina lake. Wala hakuna haja ya kuidharau. Kamati iliona shule nyingi zilizofunguliwa ovyo, walimu wengi ambao hawajapata mafunzo ya kazi yao, na wasimamizi wachache wasioweza kuzikagua shule ipasavyo. Ikashauri kwamba walimu wafunzwe zaidi, na usimamizi utiliwe nguvu. Ikapanga masomo katika hatua tatu za miaka minne minne: ya msingi, ya kati, na ya sekondari. Mwenye kusoma maneno hayo peke yake atasema, “Huu ni mpango mwema.” Ni mpango wa mtu aliyekuwa mwalimu, aliyejua kwamba shule mbaya ni wizi wa miaka ya mtoto.

Lakini wazazi waliisoma taarifa kwa macho mengine. Baada ya miaka minne ya kwanza palikuwa na mtihani, na asiyeshinda hakuendelea. Na shule za kati zilikuwa chache sana kuliko shule za msingi. Kwa hiyo mzazi aliona kwamba mtoto wake, akiwa bado mdogo wa kuchunga mbuzi, atasimamishwa mlangoni na kuambiwa kwamba nafasi zimekwisha. Waliopanga walisema ubora utangulie wingi. Mzazi alisikia kwamba wengi watabaki nje. Na sisi tuliomo humu, ambao kila mmoja alipata kalamu kwa kupenya katika mlango mwembamba, twawakumbuka wale tuliokaa nao dawati moja ambao hawakupenya, wala si wote waliotupungukia akili.

Tena lilikuwako jambo la pili. Tangu ugomvi wa mwaka 1929 kati ya misheni na watu juu ya mila ya kutahiri wasichana, Wakikuyu wengi walikuwa wamejitoa katika shule za misheni na kujenga zao wenyewe, kwa fedha zao na kwa mikono yao. Mwaka 1939 walifungua chuo cha walimu Githunguri. Kwa watu hao taarifa ya mwaka 1949 ilionekana kama mkono wa misheni ulionyoshwa kuwarudisha walikotoka. Kutilia nguvu usimamizi kulikuwa na maana ya kuwatilia nguvu wasimamizi, na wasimamizi wengi walikuwa watu wa misheni. Aliyeongoza kamati ni mtu wa misheni. Hata kama kila neno lake lilikuwa la haki, alikuwa mwamuzi katika kesi ambayo upande mmoja wake ni nyumba yake mwenyewe.

Waafrika wengi waliipinga taarifa hiyo. Serikali iliikubali mwaka 1950. Kisha mwezi Oktoba 1952 hali ya hatari ikatangazwa, chuo cha Githunguri kikafungwa, na shule za kujitegemea zikafungwa nazo. Mimi sisemi kwamba taarifa moja ya elimu ilileta vita vya Kenya. Mambo ya ardhi na mengine mazito yalikuwamo. Lakini jambo moja laonekana wazi. Mtu aliyeijua lugha ya watu kiasi cha kuiandikia kamusi, aliyekuwa amewasemea katika Baraza, alitoa mpango juu ya watoto wao, nao wakauona kuwa ni kizuizi. Kuijua lugha hakukutosha. Mapenzi mema hayakutosha. Lililopungua ni kwamba wenye watoto hawakuwa na nguvu ya kusema ndiyo au hapana.

Mwaka 1953, katikati ya miaka hiyo ya damu, Beecher akawa Askofu wa Mombasa. Dayosisi yake, licha ya jina lake la pwani, ilifika mpaka Nairobi na Nyanza, na Ukikuyu wote ulikuwamo. Wakristo wa Kikuyu waliuawa kwa kukataa kiapo, na wengine walipigwa na askari kwa kushukiwa kwamba wamekula kiapo. Viongozi wa makanisa, yeye akiwemo, walipeleka kwa Serikali malalamiko juu ya mateso yaliyofanywa na watu wa usalama. Mwaka 1955 misheni ya C.M.S. ilichapisha London kijitabu kilichosema mambo hayo waziwazi. Wako wanaoshikilia kwamba maaskofu walisema kwa sauti ya chini mno, na kwamba mtu aliyezoea kuketi na Gavana huona taabu kusimama nje ya mlango wake na kupiga kelele. Lawama hiyo ni nzito. Mimi naitaja kwa kuwa yatuhusu: mtu ambaye sifa yake kwetu ni kwamba wakubwa humkaribisha kiti, siku moja yampasa kuchagua kati ya kiti hicho na sisi.

Walakini, Bwana Rais, haki yataka tuitazame safari yote. Mwaka huo huo wa 1955, Festo Olang’ na Obadiah Kariuki waliwekwa wakfu kuwa maaskofu katika kanisa kuu la Namirembe, Uganda, na Askofu Mkuu wa Canterbury. Walikuwa Waafrika wa kwanza kupata uaskofu katika Kanisa la Anglikana la Kenya, nao walikwenda kufanya kazi wakiwa wasaidizi wa Beecher. Mwaka 1960 likaundwa Jimbo la Afrika ya Mashariki, lililounganisha dayosisi za Kenya na Tanganyika pamoja na Zanzibar, na Beecher akachaguliwa kuwa Askofu Mkuu wake wa kwanza. Mwaka 1961 Olang’ alipewa dayosisi ya Maseno, na Kariuki ile ya Fort Hall. Mwaka 1964 dayosisi ya Mombasa iligawanywa, Beecher akabaki na Nairobi, na Mombasa ikapata Askofu Mwafrika, Peter Mwang’ombe. Dayosisi aliyoipokea ikiwa moja aliigawa vipande vipande, na kila kipande kilichotoka mkononi mwake kilipunguza ukubwa wake mwenyewe. Si wakubwa wengi wa idara wanaokubali idara zao zikatwe hivyo.

Mwaka 1970 alistaafu. Jimbo likawa mawili: Kenya ikampata Festo Olang’ kuwa Askofu Mkuu, na Tanzania ikampata John Sepeku. Beecher alifariki mwaka 1987.

Basi tuyaweke pamoja. Alitoka katika Baraza la Kutunga Sheria, na Waafrika wakaongezeka humo. Alitoka katika Baraza la Utendaji, na Mwafrika akaingia. Alitoka katika kiti cha Askofu Mkuu, na Waafrika wawili wakakikalia, kila mmoja katika nchi yake. Katika mabaraza ya Serikali zamu hiyo haikuletwa na yeye peke yake; watu waliidai, na nyakati zilibadilika. Lakini katika Kanisa aliitayarisha kwa miaka 15. Kwa hiyo naona kwamba pale alipokaa kitini akijua kwamba ni cha kuazima, alifanya kazi njema. Na pale alipoamua juu ya watu kana kwamba kiti ni chake, kama katika elimu, kazi iliyokuwa na akili nyingi ilizaa uchungu.

Sasa narudi kwenye shauri letu. Mimi si wa wale wasemao padre asiingie katika mambo yetu. Anayekaribishwa kiti na atusaidie kupata viti. Lakini kama tutamwomba, naomba tumwombe kwa masharti matatu, yaandikwe katika kitabu cha kumbukumbu.

Kwanza, asiende peke yake. Kila aendapo kwa wakubwa, afuatane na wanachama wawili, nao waketi, wala wasisimame mlangoni na kofia mkononi.

Pili, asipeleke neno ambalo halikusomwa kwanza katika mkutano huu. Hata kama neno lake ni jema kuliko letu, liletwe tulijadili. Neno letu lenye makosa twaweza kulisahihisha. Neno la mtu mwingine lililosemwa kwa jina letu hatuna kalamu ya kulifuta.

Tatu, muda wake uwe mwaka mmoja, na katika mwaka huo awafundishe hao wawili taratibu zote anazozijua: jinsi ya kuandika hoja, jinsi ya kujibu swali gumu bila hasira, na mlango upi hubishwa kwanza. Mwaka ukiisha, tumshukuru kwa heshima zote, naye akae upande mmoja na kutusikiliza tukisema.

Kama padre wetu ni mtu wa kweli, masharti hayo hayatamchukiza. Na kama yatamchukiza, tutakuwa tumejua mapema jambo ambalo watu wa Kenya walilijua kwa gharama ya mlango wa shule za watoto wao.

Bwana Rais, nimemaliza niliyoagizwa. Natoa hoja kwamba shauri la mkutano uliopita likubaliwe pamoja na masharti haya, nami naomba mwanachama mmoja aiunge mkono.